Mkwe Kwenye Shuka Jeupe

Mpwa wangu Tusajigwe kipaji cha kuigiza alikirithi kwangu, na mtu asinibishie. Shule niliacha mwenyewe darasa la tatu, nikaona mwalimu ameishiwa.

Kanisani kwetu Tukuyu, Krismasi aliigiza Mariamu. Pasaka akawa Yuda, watu wakamzomea mpaka nje. Kwa hiyo mwaka 1954 Wazungu wa gari la sinema walipotafuta mama wa kuonyesha namna ya kuchuma kahawa, niliwapeleka kwake. Na mimi nilipigwa picha nimebeba kikapu. Mgongo wangu ulitoka vizuri sana.

Tusajigwe alikuwa ameshaolewa na Sedekia, mwana wa Mzee Asukile. Kwetu Wanyakyusa mke hatazamani na baba mkwe. Akimsikia njiani anajificha migombani mpaka apite. Wote tulilijua hilo, lakini nani angekumbuka kwamba shuka la sinema nalo lina macho?

Sinema ikaletwa uwanja wa soko, shuka jeupe likatundikwa. Mzee Asukile alikaa mbele kabisa. Mashine ikanguruma, na Tusajigwe huyo hapo, mkubwa kama nyumba, anamkodolea macho baba mkwe na kumchekea! Mzee akajifunika blanketi gubigubi, akaondoka akikanyaga watu.

Asubuhi akaniita.

"Mwenzangu, mwanao amenitazama mbele ya watu."

"Ile picha tu, mzee."

"Ina macho, haina?"

"Inayo."

"Basi akae kwako. Achague, mwanangu au shuka lenu."

Nikaenda kumchukua Tusajigwe.

Tusajigwe alilia siku nzima jikoni kwangu. Sedekia alikuwa anampenda, naye alimpenda Sedekia. Jioni akafuta uso.

"Mjomba, anachokataa ni sinema, au ni macho yangu?"

"Macho."

"Haya. Hatayaona."

Wazungu walipomwita Iringa kwa picha ya kuonya watu juu ya pombe, alikataa kuwa mke wa mlevi. Akataka kuwa mlevi mwenyewe. Akabandika ndevu, akashusha kofia mpaka puani. Mwenye mashine ya kupiga picha akapiga kelele, "Tazama huku!" Yeye akatazama viatu vyake, akayumba, akaanguka chali macho kayafumba.

Picha hiyo ilipofika kwetu, Mzee Asukile alikaa nyuma, blanketi tayari mkononi. Mlevi akaanguka mtaroni, uwanja mzima ukacheka. Mzee naye akacheka mpaka blanketi likadondoka.

Watu walipotawanyika akanishika bega.

"Mlevi yule ni wa wapi?"

"Mhehe wa Iringa," nikasema, sura kavu.

"Ana adabu. Kalewa vile, lakini hajanitazama hata kidogo." Akaokota blanketi lake. "Mwambie Sedekia akamchukue mkewe."

Baadaye Tusajigwe aliigiza mganga, karani, hata askari, na uso wake haukuonekana tena kwenye shuka. Watu humsifu yeye tu. Hakuna anayeuliza zile ndevu zilitoka kwa mbuzi wa nani. Wangu.