Kiwiko cha Melania

Kama umewahi kutazama filamu za nyimbo zinazotengenezwa Johannesburg, basi Melania umemwona, ila hujui. Ni yule mama anayembebea nyota wa filamu sanduku lake. Ni yule jirani wa tatu anayecheza nyuma ya mlango ulioachwa nusu wazi. Ameigiza zaidi ya miaka ishirini, na kiungo chake kilichoonekana kuliko vyote ni kiwiko.

"Kile kiwiko ni changu," huwaambia wageni sebuleni kwake Troyeville, akiisimamisha filamu. "Kimeigiza vizuri, au sivyo?"

Mama Clémentine, Mkongomani mwenye saluni mtaa wa pili, huinama mpaka pua iguse kioo. "Mie sikuoni, Mama Melania. Uko fasi gani?"

Melania hucheka kuliko wote. Usidanganyike, inamuuma. Tangu aolewe Morogoro na Thabo, mpigania uhuru aliyekuwa ukimbizini huko, na kumfuata kwao, hamu yake ni moja tu: sura yake ionekane, nzima, akiimba.

Mwaka jana mwongozaji mmoja, Carmel, akampa nafasi ya mama wa bwana harusi. Ubeti mmoja, vigelegele, na kamera usoni. Melania aliuimba ubeti ule jikoni mpaka Thabo akahamia uani na kiti chake.

Sasa kuna jambo ambalo kina mama wenzake wa kwaya ya kanisa hawakulijua. Meno manne ya mbele ya Melania ni ya bandia. Walimsifu kwa tabasamu lake, naye alizipokea sifa zote bila haya.

Siku ya kupiga picha za filamu aliimba vizuri, kisha akaachia vigelegele vya Morogoro, vile vya kutoka tumboni. Meno yakachomoka, yakampiga bibi harusi kifuani, yakatua kwenye keki. Lakini waigizaji wa nyuma hufundishwa jambo moja: usikome mpaka uambiwe. Basi Melania, pengo wazi, akaendelea na vigelegele vyake mpaka mwisho, mikono juu.

Carmel alikuja akijifuta machozi. "Mama, nikikiacha kipande hiki, watu watakupenda. Ukitaka nitakikata, ila hatuwezi kurudia. Ukumbi tunaukabidhi leo."

Melania alikuwa anayafuta meno krimu. Akatwe, arudi kuwa kiwiko? Au achekwe na kwaya nzima?

"Kiache," alisema, na papo hapo akajuta. Kupanda mchongoma, kushuka ndiyo ngoma.

Filamu ilipotoka, kina mama waliionyesha kwenye ukumbi wa kanisa, Bellevue. Melania alikaa karibu na mlango, mkoba mapajani, tayari kukimbia. Pengo likajaa ukuta mzima, pana kama geti la shule. Kina mama walicheka mpaka mabenchi yakalia. Naye akacheka, ingawa machozi mengine hayakuwa ya kicheko, kwa sababu hatimaye alikuwa pale, uso wote, akiimba.

Clémentine peke yake hakucheka. Safari hii hakuuliza uko fasi gani. Alivuta kiti mpaka magoti yao yakagusana, akaziba mdomo kwa kiganja.

"Mama Melania," alinong'ona, "meno yako alikutengenezea nani? Yangu inaniumizaka."