Kanda ya Juu ya Mafiga

Watu wakiona kwenye filamu mpaka wa Tunduma wa zamani, malori yamesongamana na akina mama wamebeba vitenge kichwani, wanadhani picha hizo zinaokotwa tu. Nani kawaambia? Kuna mtu katumwa akazitafute makabatini na uvunguni mwa watu, abembeleze, asubirishwe, afukuzwe. Mtu huyo ni mimi, na siku ile niliyokwenda kijijini Hasamba nilikuwa nimechoka hadi roho.

Aliyenielekeza ni mpiga video mstaafu wa Tunduma. Zamani alipiga sendoff ya binti mmoja huko Hasamba, kanda ikabaki na nafasi, akaimalizia kwa kupiga watu mpakani. Kisha akampa mama wa binti kanda yote. Nakala hakuweka! Nikabeba deki yangu ya kizamani na kompyuta, nikaenda.

Mama alinipokea vizuri mno. Binti yake alifariki kwenye uzazi, si muda mrefu baada ya harusi, na deki ya pale nyumbani ilikufa zamani. Sauti ya mwanawe hajaisikia tangu hapo.

"Chukua unachotaka, mwanangu," aliniambia, "ila mimi nimwone kwanza."

Nikamwahidi. Akaingia jikoni, akapanda kwenye kigoda, akaitoa kanda darini, juu ya mafiga, katikati ya mahindi ya mbegu.

"Mama! Huko juu ya moto?"

Akanishangaa. "Si ndiko tunakoweka mbegu? Penye moshi wadudu hawagusi. Kitu cha thamani utakiweka wapi tena?"

Kasha lilikuwa jeusi tii kwa masizi, upande mmoja umepinda. Nikahamishia tepe kwenye kasha jingine. Kanda iliyopata joto namna hiyo ina sheria moja, na mimi ndiye ninayewafundisha wenzangu: icheze toka mwanzo, mwendo wa kawaida, huku unarekodi. Usiikimbize hata kidogo, maana tepe imegandana na itachunika.

Ndiyo kwanza nimechomeka nyaya, simu ikaita. Mwongozaji wa filamu yetu, kutoka Dar es Salaam. Picha zitumwe kabla ya saa kumi, la sivyo filamu inafungwa bila Tunduma. Ilikuwa saa tisa na nusu, na sendoff peke yake ilikuwa ya saa nzima.

"Sendoff inatuhusu nini sisi?" alifoka. "Ruka hapo!"

Nikamtazama mama. Alikuwa amebadilisha kitenge, amekaa mbele ya skrini, mikono mapajani, anasubiri.

"Mama, naijaribu mashine kwanza," nikasema. Mungu anisamehe. Nikaikimbiza.

Deki ililia, ikakwama, ikaendelea. Mara malori yakatokea, vumbi, watu wanavuka huku na huku.

"Hapa si Tunduma?" mama akauliza. "Yeye bado?"

"Bado, mama."

Nikarekodi dakika sita, safi kabisa, nikazituma. Nakiri, nilifurahi jamani, nilifurahi sana.

"Sasa, mwanangu?"

"Sasa, mama."

Nikaanza kuirudisha nyuma polepole. Haikufika mbali, ikakatika. Nilipofungua deki nikakuta tepe imejisokota ndani, na ule unga unaobeba picha umebanduka na kunishika vidoleni. Sehemu yote ya binti ilikuwa imechunika. Hapo hata fundi wa mbinguni hana la kufanya.

Mama alitazama. Hakulia, na mimi nilitamani alie, anitukane, anifukuze.

"Ni ule moto wangu, eh?"

Pale pale ningeweza kusema ukweli. Nilikuwa nimeufungulia mdomo.

"Ndiyo, mama," nikajibu. "Ni moto."

Akanishika mkono kwa mikono yake miwili, mkono uleule wenye unga.

"Basi nisamehe, mwanangu. Ona nilivyokuchafulia mashine yako."

Nikamwambia nimemsamehe.