Tantalo wa Ukumbi wa Futari

Wagiriki walimtungia Tantalo adhabu wakajiona mabingwa: mfalme kasimamishwa ndani ya maji hadi kidevuni, na kila akiinama anywe, maji yanashuka. Masikini, hawakuwahi kuona hoteli ya Doha mwezi wa Ramadhani. Mhudumu wetu wa juisi, Mzanzibari, anafunga kama wageni wake, ila jagi la ukwaju linashinda mkononi mwake. Hulibeba mbali na kifua, uso kaugeuza, kama mtu aliyekabidhiwa mtoto mchanga asiye wake. Mfukoni ana tende moja, ambayo huipapasa mara kwa mara asije akaikuta imetoroka. Adhana ikilia tu, mkono unaingia mfukoni, na papo hapo kidole cha mgeni kinainuka mezani. “Hadhir, sheikh,” anaitika kwa koo kavu, tende inarudi gizani. Jana Cherotich, mhudumu mwenzake kutoka Eldoret, akampokonya jagi.

“Kunywa kwanza, buda! Huyo hatakufa akingoja.”

Mzanzibari akanywa maji glasi nzima, macho kafumba, kidole cha watu kikining'inia hewani. Kumbe shida ya Tantalo ilikuwa ndogo tu: kule kuzimu hakupangiwa zamu moja na Mkenya.