Baba wa Kukodi

Kuna siku imenikaa kifuani hadi leo, mjukuu wangu, na kwa hili uliloniambia jana, kwamba kwenye posa yako mjomba mwenye gari ajitambulishe kuwa baba yako, lazima nikusimulie.

Nilikuwa msichana hapahapa Makwale. Ambwene, kijana aliyefanya kazi mpakani Kasumulu, alikuja kuniposa, na moyo wangu ulikuwa kwake wote, sifichi. Alikuja na baba yake, bwana wa suti na kofia. Nyuma yao mzee mmoja alitembea peku, kabeba mkungu wa ndizi. Ambwene akasema huyo ni kibarua.

Unaijua desturi yetu: mwanamke na baba mkwe wake hawaonani uso kwa uso. Kwa hiyo bwana wa suti alipokaribishwa sebuleni, mimi nikatokea mlango wa nyuma, nimpelekee kibarua maji ya kunywa. Wee! Kuniona tu, mzee akautupa mkungu, akageuka, akateleza, akaanguka kifudifudi. Nikamfuata na kikombe nikidhani kaumia. Akainuka, akajifunika shati kichwani, akakimbia bila kuona mbele mpaka akatumbukia kwenye jaruba la mpunga, matope magotini. Nilicheka mpaka maji yakamwagika. Wageni wakatoka kutazama, na bwana wa suti akanikazia macho, akacheka nami.

Bibi yangu hakucheka.

"Huyu anakukodolea macho, yule anakukimbia," akaniambia. "Baba mkwe wako ni yupi?"

Kicheko kikanikauka. Bwana wa suti alikodiwa mjini, wala desturi zetu hakuzijua. Mzee wa watu alikubali kuitwa kibarua ili mwanawe apate mke, ila kumtazama mkwe wake usoni alishindwa.

Baba yangu akamwambia Ambwene akamtoe mzazi wake matopeni, ndipo mazungumzo yaanze. Ambwene akatazama matope, akatazama suruali yake, akabaki amesimama. Mzee, bado katugeuzia mgongo, akasema kwa unyonge, "Msimnyime mke. Kosa ni langu, sina viatu."

Baba yangu akaingia jarubani akamtoa mwenyewe. Posa ikaishia hapo. Nililia sana, maana nilimpenda.

Sasa wewe, baba yako ana koti moja na mikono iliyochakaa kwa kuvunja kokoa. Mkalishe mbele. Mtaje jina kwa sauti, ukweni wamjue. Wakimkataa yeye, inuka urudi nyumbani. Na ukimwona anaanza kujitafutia mahali pa kujificha kwa ajili yako, mshike mkono. Mungu akupe nguvu ya kumshika, na mikono hii iliyomlea yeye naiweka kichwani pako.