Jani la Sale kwa Jaji

Jumapili iliyopita, kwenye mashindano ya kwaya usharikani kwetu, jaji alikuwa mgeni kutoka Uingereza. Alitueleza kwamba kwao mashindano haya ni ya zamani, tangu enzi za kwaya za wafanyakazi wa viwandani, na wasikilizaji hukaa kimya mpaka wimbo uishe. Akatuomba nasi tufanye hivyo.

"Kwani nani amefiwa?" mama mkwe wangu akaninong'oneza.

Kwaya yetu ilipoanza, alivumilia ubeti mmoja. Wa pili ulimwinua kwa vigelegele, na kanisa zima likasimama naye. Jaji akaandika kitu.

"Mama, tutakatwa alama!"

Akatoka nje, akachuma jani la sale kwenye uzio, akampelekea jaji kwa mikono miwili. Kwetu Wachagga, ukiletewa sale huwezi kunyima msamaha. Mgeni hakujua. Alilipokea akitabasamu, na kwaya iliyofuata ilipoanza, akawa analipunga kufuata mapigo. Vigelegele vikarudi.

Hatukukatwa alama hata moja. Tangu siku ile nawaza kwamba Waingereza hawakutunga sheria ya kukaa kimya bure. Lazima alikuwepo mama mkwe wa mtu.