Mtu wa Ishirini na Moja

Nilikuwa karani wa ghala la pamba hapa Kasongo, enzi za Wabelgiji. Wenzangu walipenda kunitania kwamba mkaidi hafaidi mpaka siku ya Idi. Walikuwa na haki, maana nilimwandika kazi mtu ambaye watu wa kwao walikuwa wamekwisha kumzika.

Mtumbwi wake ulizama katika mto Lualaba, karibu na Nyangwe, na mwili haukuonekana. Ndugu zake wakazika mkeka wake, mama yake akanyoa nywele, matanga yakaisha. Mwaka uliofuata akarudi kwa miguu, amekonda. Alisema mkondo ulimtupa mbali na homa ikamlaza huko. Hakuna aliyemfungulia mlango, na hakuna aliyempa kazi ila mimi.

Asubuhi yake ya kwanza kazini, ukungu ukiwa bado chini, niliita majina. Akaitika. Mstarini, mbele na nyuma yake, watu waliacha nafasi.

"Muko wangapi?" niliuliza.

"Tuko makumi mbili, karani."

Nikahesabu vichwa: ishirini na moja. Nikawatukana. Hawakubishana, walitazama chini tu, na hapo ndipo nilipoanza kuogopa.

Adhuhuri moja nilimkuta kando ya njia ya ghalani, anapalilia kaburi lake mwenyewe.

"Hakuna mutu mwengine wa kuichunga, karani," akasema.

Nilipita haraka.

Mzungu wetu, mkubwa wa ghala, alichoka na mzozo wa watu kukataa kufanya kazi naye. Akaniamuru: kama kufikia Jumamosi wenzake bado wanamkataa, nimfute daftarini. Nilimhurumia mtu yule, maana kazi hiyo ndiyo pekee iliyomhesabu kati ya walio hai.

Kwetu mzimu hauli chumvi. Nikanunua chumvi, akailamba mbele ya wote, wala hawakusogea. Mimi mpumbavu nilisahau kwamba chumvi hiyo hutoka mkononi mwa aliyenyoa nywele zake kumwomboleza marehemu. Nikaenda kwa mama yake.

"Na kama si yeye?" akauliza. "Niko na watoto wawili wamebakia."

Jumamosi mama alikuja, na chumvi ndani ya jani la mgomba. Akaitia mdomoni mwa mwanawe, akamwita jina lake. Mwana akameza huku analia. Watu wakasogea, nafasi ikazibika.

"Makumi mbili na moja," mmoja akasema.

Nikaandika. Mama akanivuta kando.

"Karani, leo atalala kwangu, pamoja na watoto. Uko na hakika ni yeye?"

"Ndiyo, mama," nikasema. Sikuwa na hakika.