Dakika Nne za Fundi Saa

Wateja wa duka lile humsifu fundi kwa utulivu wake. Tangu saa mbili asubuhi ameinama mezani, kioo cha kukuzia kimebanwa jichoni, kibano mkononi, haongei mpaka kigurudumu kidogo kikae mahali pake. Wangejua yaliyomo moyoni wangenyakua saa zao wakakimbia. Kwa miaka kumi na tisa fundi huyu amekuwa akimwonea kijicho mtu mmoja tu duniani, na mtu huyo ni mdogo wake wa tumbo moja.

Sataranji ilikuwa yake kwanza. Hilo alitaka lieleweke. Yeye ndiye aliyeanza kuicheza shuleni, yeye ndiye aliyechukua ubingwa wa klabu akiwa na miaka ishirini, na yeye ndiye aliyemfundisha huyo dada yake mdogo, tena kwa ubinafsi mtupu: alikosa mtu wa kucheza naye siku za mvua. Akamketisha mtoto wa miaka saba mbele ya ubao, akamshinda mara mia, mtoto akalia mara mia, akarudi. Siku moja mtoto hakulia. Aliyetaka kulia ni kaka mtu.

Kisha baba yao akafariki, duka likabaki bila mwenyewe, na kaka akavaa kile kioo jichoni. Alisema atarudi kwenye sataranji mambo yakitulia. Mambo hayakutulia. Dada akasonga mbele bila kuangalia nyuma: bingwa wa shule, bingwa wa nchi, akawa anasafiri na begi moja kwenda kucheza na watu ambao fundi aliwasoma vitabuni tu. Kilibaki cheo kimoja, kile cha juu kabisa, Gwiji Mkuu, ambacho mtu hukipata akishafanya vizuri katika mashindano matatu makubwa yenye wachezaji wakali. Mawili alishayamaliza. Wateja wakawa wanaingia dukani na gazeti.

"Fundi, huyu si mdogo wako? Mbona hamfanani?"

Naye anacheka, anawaambia kwamba walipogawana, mwenzake alichukua akili, yeye akaachiwa mikono. Wakitoka tu, hawezi kushika kibano dakika nzima.

Basi mashindano ya tatu yakaletwa mjini kwao. Waandaaji walihitaji mtu wa kuzitunza saa, maana kila meza ya sataranji ina saa yake: ukishacheza unabonyeza kitufe, muda wako unasimama na wa mwenzako unaanza kukimbia. Muda ukikuishia umeshindwa, hata kama ulikuwa umebakiza kumaliza tu. Dada akamtaja kaka yake, akampigia simu mwenyewe.

"Kaka, njoo ukae karibu na meza yangu. Nikikuona tu natulia."

Fundi akasema atakuja. Angesema nini?

Siku nane alikaa kwenye kiti cha ukutani katika ukumbi wa maktaba, betri mfukoni, akimtazama dada yake akishinda. Kila mara alimtikisia kichwa kumpongeza, na kila mara roho ilimuuma vibaya sana. Alimpenda, msije mkafikiri vingine. Angempa figo. Ila hicho cheo, Mungu amsamehe, hicho alitaka asikipate.

Raundi ya mwisho, mchana, dada alihitaji sare tu. Mbele yake alikaa mwanamume mzito mwenye suti ya kahawia, ambaye hakuwahi kutabasamu tangu afike. Kufikia hatua ya thelathini na nane, dada hakuwa tena na shida na sare, alikuwa anashinda. Fundi alikwisha kuona: kete ya ngome inashuka, mfalme wa yule bwana hana pa kukimbilia. Kweli, dada akaishika ngome, akaishusha taratibu, akaandika hatua yake kwenye karatasi, kisha akafumba macho.

Mazoea hayo ya kufumba macho aliyatoa kwa kaka yake. Ukishacheza, alimwambia zamani, usimtazame mwenzako usoni, fumba macho uuone ubao kichwani. Ila kabla ya kufumba kuna jambo moja dogo la kufanya, na leo dada alikuwa amelisahau. Hakubonyeza saa.

Alikuwa amebakiwa na dakika nne, nazo zikaanza kumwagika. Bwana wa suti ya kahawia akaona. Akaegemeza kidevu kwenye kiganja, akajifanya anafikiri, msanii mkubwa. Mwamuzi akaona, akakunja mikono, kwa kuwa sheria haimruhusu kumkumbusha mchezaji. Mtazamaji ndiyo kabisa: akifungua mdomo anatolewa nje, na mchezaji aliyeambiwa anaweza kupokonywa mchezo.

Kwa hiyo fundi alinyamaza, na alinyamaza kihalali kabisa. Kikohozi kikamjia, kile cha siku zote cha mtu anayeishi na vumbi la duka. Siku nane alikuwa akikohoa humo ukumbini bila hata kujua. Sasa alikimeza. Dakika tatu. Akakimeza tena, machozi yakamtoka. Hapo ndipo alipojijua. Mtu anayeshika sheria hasikii utamu mdomoni, na yeye alikuwa anausikia. Dakika mbili. Fumba, mdogo wangu, aliomba moyoni, fumba hivyo hivyo. Moja.

Dada alipofumbua macho, saa ilionyesha sifuri. Akaitazama, akakitazama kitufe chake, akaelewa. Akampa yule bwana mkono, akasaini karatasi, akainuka.

Alimkuta kaka yake kwenye korido, amesimama mbele ya ubao wa matangazo, anasoma tangazo lile lile kwa mara ya tano.

"Ulikuwa unaona?"

"Niliona."

"Tangu mwanzo?"

"Tangu mwanzo."

Dada akamkumbatia kwa nguvu, akalilia begani kwake. "Asante, kaka."

"Asante ya nini?"

"Ya kunyamaza. Nakujua, najua ulivyokuwa unaungua pale. Lakini ungekohoa tu, yule angelalamika, wangesema nimebebwa na kaka yangu, na jina langu lingechafuka maisha. Mwingine asingeweza kujizuia." Akajifuta uso kwa kiganja. "Nitajaribu tena mwakani. Nimeshamwambia mwamuzi, saa uzishike wewe, na kiti chako kiwe pale pale. Simwamini mtu mwingine."

Fundi alitaka kumwambia. Maneno yalifika kabisa kwenye ncha ya ulimi, masikio yakawaka kwa aibu, akayarudisha. Alijipekua moyoni akatafuta huzuni ya kaka aliyeona jasho la dada yake likipotea bure, akaikuta, ilikuwepo kweli. Na chini yake ile raha ilikuwa bado imekaa.

"Nitakuja," alisema, na kilichomtisha ni kwamba tayari alikuwa na hamu.